Pasipoti za Safari ya Himalaya

"Usimwambie mama," alisema Muhanna kabla hata salamu hazijaisha. "Ana presha. Yeye anajua umekuja kutuaga tu."

Bi Hasina alivua viatu mlangoni, akaviweka kando ya jozi sita za viatu vya milimani vilivyopangwa ukutani kama askari wa gwaride. Vingine vipya, vingine vya mitumba, na kila kimoja kimeshindiliwa gazeti ndani kisipoteze umbo. Akavitazama vyote, kisha ndipo akaingia.

Ilikuwa Jumanne moja ya Oktoba, mwaka elfu mbili. Mtaa mzima wa Mawaleh, hapo Maskati, umejifungia ndani na viyoyozi vyake kwa joto, lakini nyumba ya Bi Nunu ilikuwa wazi, jamaa wanaingia na kutoka, sinia la halwa linazunguka. Usiku huo mwanawe Muhanna, mwalimu wa jiografia, alikuwa awaongoze wenziwe watano mpaka Nepal, wakaizunguke kwa miguu milima ya Annapurna. Ilikuwa safari ya watu wa mishahara ya kawaida: mwongoza njia mmoja kwa wote sita, kulala katika vijumba vya wageni huko vijijini, wali na dengu mchana, wali na dengu usiku. Kwa mwaka mzima walikuwa wakipanda na kushuka vilima vya nyuma ya Sidab kila Ijumaa asubuhi, mifuko ya mchele migongoni, wavuvi wanawacheka.

Na sasa pasipoti zote sita hazionekani.

Bi Hasina alikuwa askari wa kike pale uwanja wa ndege wa Seeb, akipekua mizigo ya wanawake mpaka alipostaafu. Siku hizi watu walimwita wenyewe, wakiwa na jambo wasilotaka lianze kwa polisi. Akakaa, akakiweka kipochi chake mapajani.

"Mara ya mwisho umeziona wapi?"

"Ndani ya basi letu dogo tulilokodi, jana alasiri, tunakwenda soko la matunda. Nimezitia mwenyewe kwenye kisanduku cha mbele, zimo ndani ya kifuko cha ngozi. Rawya kaniona."

Rawya, msichana wa maabara ya hospitali, aliyekuwa akikaza kamba za mkoba wake sakafuni, akaitikia kwa kichwa. "Nimemwona, khalati," alisema, kama anayemwita mama yake mdogo. "Kafunga na kisanduku."

"Sokoni mlifuata nini?"

"Baridi," alisema Muhanna.

Bi Hasina akamtazama.

"Rafiki yangu ana stoo ya baridi ya matufaha. Tumekwenda kujaribu makoti. Hapa Maskati utalijaribu wapi koti la Himalaya?"

"Na garini kabaki nani?"

"Dereva, Otieno. Peke yake." Muhanna alishusha sauti, akatupa jicho upande wa jikoni. "Na leo asubuhi katoka na gari, hajamuaga mtu. Mwenzetu Loay kamwona Ghala, huko kwenye magereji, kakumbatia furushi. Nikimuuliza kafuata nini Ghala, anainamisha kichwa. Kafili wake, aliyemdhamini kuja kufanya kazi huku, nishampigia. Kasema nikienda polisi, yeye anamfutia viza kesho. Basi nasali Alasiri, nakwenda."

"Ushamwita mwizi?"

"Pale uani. Kila mtu kasikia."

"Kila mtu isipokuwa mama yako."

"Alikuwa anaoga."

Bi Hasina akasimama. "Huyo dereva yuko wapi?"

Otieno alikuwa nyuma ya nyumba, kwenye kijivuli kilichobanana kati ya ukuta na mashine ya kiyoyozi, mashine inampulizia joto miguuni. Mtu mrefu wa Kisumu, shati limepigwa pasi vizuri, mikono mitupu magotini. Ufunguo wa gari wamemnyang'anya.

"Madam, mimi hiyo kisanduku sikuguza," alisema, akisimama kwa heshima.

"Ghala ulikwenda?"

"Nilienda. Sikatai."

"Kufanya nini?"

"Hiyo siwezi sema."

"Kwa nini?"

"Nilipeana neno langu."

"Kwa nani?"

Otieno akakuna kidevu. "Sasa, Madam, nikisema ni kwa nani, si nitakuwa nimesema?"

Bi Hasina nusura acheke. "Mwanangu, unajua kitakachokupata?"

"Najua. Nikirudishwa Nairobi na jina la mwizi, hakuna mtu ataniandika kazi tena. Maofisi ya kutuma watu huku yanapigiana simu. Lakini mwenye kunituma aliniapisha, na ni mtu mzima. Na hiyo kazi yake haina maneno na pasipoti."

"Furushi lilikuwa zito?"

"Nyepesi. Kama mto wa kulalia." Akafumba mdomo ghafla. "Basi. Nimeongea mingi."

Bi Hasina akarudi ndani. Hakuuliza zaidi. Katika miaka yote ile pale uwanjani alikuwa ameona wezi wa kila namna, na wote walikuwa na jawabu tayari. Huyu hakuwa nalo hata moja.

"Twendeni sokoni," aliwaambia. "Nyote mliopo, na Otieno pia. Rawya, tuchukulie koti moja."

"Muda unakwenda, khalati!" alisema Muhanna.

"Ndiyo maana nimesimama."

Rawya akakimbilia chumbani kwa Bi Nunu, akatoka na koti jeusi lililovimba. "Nimechukua la Loay, ndilo la mlangoni. Yote yako kwa mama, kayafukiza udi." Kweli, koti lilinukia mpaka ukumbini.

Stoo yenyewe ilikuwa upande wa nyuma wa soko, ambako malori ya matunda yanarudi kinyumenyume mpaka mlangoni. Muhanna ndiye aliyeendesha. Loay, kijana wa benki mwenye mwili wake, alishuka wa mwisho, akabaki ameegemea gari, anajifuta shingo kwa leso. Bi Hasina akamwendea.

"Mbona huji?"

"Nimeshaiona baridi yao jana, inatosha."

"Loay, jasho hilo si la jua. Wewe safari huitaki."

Loay akaangalia kama Muhanna yuko mbali. "Khalati, nimeona picha za yale madaraja. Ya kamba! Yanabembea, chini mto unachemka. Siku hizi nayaota."

"Ukazificha pasipoti."

"Wallahi la! Ningekuwa na akili hiyo, ningejitia kuvunjika mguu tangu mwezi jana, nikalala zangu na luninga. Mimi nnaogopa kwenda, lakini nnaogopa zaidi Rawya anione sikwenda."

Rawya alikuwa mlangoni pa stoo, anawapungia mkono waje. Bi Hasina akamwacha Loay na leso yake, akaenda.

Mlango wa stoo ulikuwa mnene kama godoro. Ulipofunguliwa, moshi wa baridi ulitambaa chini ukawagusa vidole. Ndani, maboksi ya matufaha yamepandana mpaka dari, taa moja ya manjano, na mfanyakazi mmoja kavaa kofia ya sufu na viatu vya mpira, anawashangaa watu hawa waliorudi tena.

"Sasa, Mwalimu," alisema Bi Hasina, "nataka ufanye kila ulichofanya jana. Anza garini. Usinisimulie. Fanya."

Muhanna akarudi kwenye gari, mdomo umemvimba kwa hasira. Akafungua mlango, akashuka, akaufunga. Akavaa koti la Loay. Akatembea mpaka stoo, akaingia.

"Halafu?"

"Halafu tukasimama. Nikawaambia wapumue polepole."

"Ukatuambia na habari ya betri," alidakia Rawya, anaruka ruka kwa baridi. "Kwamba yule mwongoza njia kasema kwenye simu, betri za kamera tuziweke kifuani, ndani ya koti, la sivyo zinakufa kwa baridi. Kila mtu akatia kitu chake mfuko wa ndani. Mimi nilitia kamera nzima!"

"Na wewe Mwalimu ulitia nini?" aliuliza Bi Hasina.

"Mimi sina kamera. Nilikuwa nawaonyesha tu, hivi..."

Mkono wake wa kulia ulipita kifuani, ukaingia chini ya koti upande wa kushoto, ukafika mfukoni. Ukakwama hapo hapo. Pumzi ikamtoka Muhanna nyeupe.

"Ya Rabbi," alisema. "Nilikuwa na kifuko."

"Kimetoka wapi?"

"Nilikitoa garini wakati wa kushuka. Mimi siachi pasipoti garini. Huwa siachi! Nikawaonyesha kwa kifuko, nikakitia, nikafunga zipu. Kisha vidole vikafa ganzi, zipu ikanigomea, nikatoka nalo koti vile vile mpaka nyumbani."

"Kwa hiyo kisanduku cha gari kilikuwa kitupu."

"Kitupu," alisema Muhanna, sasa meno yanagongana. "Ziko kwenye koti langu! Ziko nyumbani! Yallah, Rawya, Loay, twendeni!"

Walirudi Mawaleh wakipiga kelele kama watoto wa sikukuu. Loay mwenyewe alikuwa anaimba. Otieno alikaa kiti cha nyuma karibu na Bi Hasina, na tangu liliposemwa lile neno koti alikuwa amekunja kipaji cha uso.

Chumbani kwa Bi Nunu misumari ya ukutani ilikuwa sita. Mmoja ulikuwa wa koti la Loay. Minne ilikuwa na makoti. Wa mwisho, karibu na dirisha, haukuwa na kitu.

"Langu liko wapi?" Muhanna alifungua kabati, akainama chini ya kitanda, akageuza mito. Kisha akasimama wima polepole. "Lile furushi la Ghala! Kaiba koti zima!" Akatoka mbio mpaka uani, akamkamata Otieno ukosi wa shati. "Umeliuza Ghala? Kwa nani? Sema!"

"Mwalimu, niachilie shati."

"Sema!"

Otieno hakumtazama Muhanna. Alitupa jicho moja tu kwenye mlango wa jikoni, kisha akalirudisha chini. Bi Hasina, aliyebaki dirishani pa chumba, aliliona jicho lile lilikokwenda.

Akarudi katikati ya chumba, akavuta pumzi. Udi ulikuwepo, mzuri, wa gharama. Lakini chini ya udi kulikuwa na harufu nyingine, kali, kama ya waya wa umeme uliochomeka. Dirisha limeachwa wazi na kiyoyozi kinafanya kazi, jambo ambalo hakuna mwenye nyumba wa Mawaleh angelifanya bure. Kando ya kabati kilikuwepo kile kitenga cha miti cha kutandazia nguo zinapofukizwa, na karibu yake chetezo kilichosuguliwa kikang'ara. Bi Hasina akapiga goti, akakigeuza chetezo kwenye mwanga. Pale kwenye ukingo, ambapo mchanga wa kusugulia haukufika, lilikuwepo tone gumu linalong'aa kama ushanga. Alilibandua kwa ukucha. Halafu akavuta pazia, na chini yake akaokota unyoya mdogo mweupe.

"Muhanna!" aliita kupitia dirishani. "Koti lako lilikuwa rangi gani?"

"La chungwa! Kwani vipi?"

Tone lilikuwa la chungwa.

"Mwachie huyo mtu shati lake, uje ndani. Naye aje."

Wakati huo huo Bi Nunu aliingia na sinia la kahawa, kanga kichwani, uso umejaa furaha ya siku. "Jamani, mbona mnakimbizana? Hasina, mwanangu, hata halwa hujaonja."

"Nitaonja, Bi Nunu. Kwanza niambie. Nailoni nayo mnaifukiza kwa mkaa?"

Sinia likagonga meza. Bi Nunu akageuka moja kwa moja kwa Otieno. "Umesema?"

"Sikusema, Mama."

"Hakusema," alisema Bi Hasina. "Alikuwa radhi afukuzwe nchini kuliko kusema."

"Afukuzwe? Na nani? Kwa lipi?"

Muhanna akageuza uso. Bi Hasina hakumsaidia. "Tuanze na koti, Bi Nunu."

Bi Nunu akajikalisha kitandani, akaishika kanga kwa mikono miwili. "Mtu hatoki nyumbani kwangu kwenda nchi za watu nguo zake hazinukii. Sijapata kumtoa mtu hivyo, si baba yake, si mwanangu. Basi nikaanza na la Muhanna. Nimelitandaza vizuri juu ya kitenga, nikageuka kuchukua udi mwengine, kurudi, mkono wote umesinyaa kama mfuko wa nailoni! Manyoya ya ndani yake yanaruka chumba kizima, mpaka mdomoni yameniingia. Haya makoti mengine nikayatundika mbali, yakapata moshi kwa mbali mbali. Na lile koti lenyewe la kuazima! Nikalifunga kwenye shuka, nikamwambia Otieno alipeleke Ghala kwa yule anayeshona viti vya magari na maturubai. Nikamwapisha asimwambie mtu. Nnamjua huyu mwanangu, atanicheka mpaka siku ya Kiyama."

"Mama, pasipoti za watu sita zimo mle ndani! Mbona hukuniambia?"

"Na wewe mbona hukuniambia zimepotea?"

"Una presha!"

"Na sasa unadhani imeshuka?"

Rawya alikuwa ameshafika mlangoni pa nyumba, kiatu kimoja mguuni, kingine mkononi. "Mtagombana tukirudi! Ghala, jamani, Ghala!"

Muhanna aliliendesha basi dogo lile kama gari la zimamoto. Adhana ya Alasiri iliwakuta njiani. Otieno alimwelekeza kwa maneno machache: kulia baada ya wauza vioo, kushoto kwenye matairi, mlango wa bati la kijani. Fundi, mzee wa Kibaluchi mwenye miwani iliyofungwa uzi, alikuwa cherehanini, na hewa yote ya duka lake ilikuwa manyoya. Yalikuwa ndevuni kwake, kwenye feni, kwenye chai yake.

"Koti la chungwa!" Muhanna alifoka kutoka mlangoni.

"Limekwisha," alisema fundi kwa fahari, akaliinua.

Rawya akaziba mdomo kwa mikono miwili. Koti lilikuwa la chungwa mpaka begani, na kutoka begani, upande wa kushoto, lilikuwa na mkono mpya wa turubai la lori, buluu iliyokolea, umeshonwa mara mbili kwa uzi mnene.

"Huu hautachanika," alisema fundi. "Huu unafunika saruji."

Bi Hasina alilipokea, akalilaza juu ya meza, akapapasa kifuani upande wa kushoto. Kulikuwa na kitu kigumu. Zipu ya mfuko wa ndani ilikuwa imeyeyuka ikagandamana kuwa kamba moja. Aliomba wembe. Fundi akampa wake. Akakata kidogo kidogo pembeni mwa zipu, kama anavyokata mtu mshono wa nguo anayoipenda, akaingiza vidole viwili, akakivuta kifuko cha ngozi. Kilikuwa kimejikunja pembe moja. Akafungua, akatoa pasipoti moja moja, akaangalia kila picha na kila sura iliyokuwa mbele yake. Zote sita zilikuwemo, karatasi safi, mihuri salama.

Rawya alipiga kigelegele kilichowatoa mafundi wa duka la jirani. Loay alimkumbatia fundi, manyoya na yote, na ilikuwa vigumu kujua kama anacheka au analia.

"Alhamdulillahi!" Muhanna akajipangusa uso, akatoa ufunguo mfukoni, akamtupia Otieno. "Yallah, Otieno, endesha wewe. Mizigo bado haijapakiwa!"

Otieno hakuudaka. Ufunguo ulianguka sakafuni, ukazama kwenye manyoya.

"Asubuhi uliniita mwizi, Mwalimu," alisema taratibu.

"Khalas, mambo yamekwisha, zimeonekana! Haya, samahani. Twende."

"Hapa kuna fundi na cherehani yake. Uliniitia mwizi mahali pengine."

Muhanna akamgeukia Bi Hasina, mkono ameunyoosha apewe kifuko. Bi Hasina alikuwa ameshakitia kwenye kipochi chake na kukifunga kwa kifungo.

"Khalati, ndege!"

"Nimeisikia. Ulimwita mwizi wapi?"

"Uani kwetu."

"Basi nitakupa uani kwenu. Okota ufunguo, uendeshe mwenyewe."

Uani kwa Bi Nunu watu walikuwa wameongezeka. Wasafiri wengine watatu wamekalia mikoba yao, majirani wamekuja kuaga, wake kwa waume, na wote walikuwa wameshasikia habari za asubuhi. Bi Nunu naye alikuwa ameshazisikia, kutoka kwa mmoja wao. Alisimama mbele ya mlango, mikono kiunoni.

Muhanna akasimama katikati. "Jamaa, pasipoti zimeonekana, alhamdulillahi. Kulikuwa na kosa dogo..."

"La nani?" aliuliza Bi Nunu.

Muhanna akamtazama mama yake.

"Langu. Pasipoti nilikuwa nazo mimi, kwenye koti langu. Otieno hakuiba kitu. Nimemwita mwizi hapa hapa mbele yenu, na nimesema uongo." Akageuka. "Otieno, nisamehe."

"Na kafili wangu?" alisema Otieno.

Muhanna akatoa simu ya mkononi, akabonyeza, akaiweka sikioni. Alizungumza kwa Kiarabu, kwa sauti ambayo kila aliye uani aliisikia. Alisema maneno yale yale, hakupunguza hata moja, na mwisho akaongeza kwamba katika safari yote ya kutafuta, mtu aliyeshika neno lake alikuwa mmoja. Akasikiliza kidogo, kisha akampa Otieno simu.

Otieno akaisikiliza. "Aiwa," alisema. "Aiwa. Kesho asubuhi niko kazini, baba. Shukran." Akairudisha simu, akajinyoosha shati pale lilipokuwa limekamatwa.

Bi Hasina akafungua kipochi, akampa Muhanna kifuko. Nyuma yake Rawya alikuwa ameshaanza kurusha mikoba juu ya gari, na Loay anaipokea, akimwomba Mungu kwa sauti habari za madaraja.

Otieno akanyoosha kiganja. Muhanna akamwekea ufunguo ndani yake, safari hii polepole.

"Haya, watu ndani," alisema Otieno. Kisha akalichukua lile koti la mikono miwili tofauti lililokuwa limetupwa juu ya boneti, akalikung'uta manyoya ya mwisho, akamvisha Muhanna mabegani pale pale juani. "Na hii utavaa mpaka juu kabisa kwa hiyo theluji, Mwalimu. Mama alinituma nayo. Sitaki kusikia imeachwa Kathmandu."